Keki sita za mkuu wa idara

Wewe wa kitanda cha juu, kaa chini kwanza. Shangazi yangu amelipa kisasi leo, tena kwa hesabu!

Unamkumbuka mkuu wa idara yake, yule ambaye shangazi humwita "mwalimu wa mizani"? Leo aliitisha kikao ili aufunge utafiti wa shangazi. Miaka minne ya kazi! Eti fomula yake ya kukadiria chakula cha mtu kutokana na uzito wake ni mbovu. Mkuu mwenyewe alijitolea kupimwa, akaandika kila alichokula, majani matupu, na fomula ikasema anakula mara mbili ya hapo.

"Mama, hesabu zako zinanisingizia," akasema. Watu wakacheka. Wakacheka, nakwambia!

Shangazi akaonyesha ukutani mchoro wa uzito wa mkuu: miezi mitano unapanda tu, isipokuwa wiki mbili uliposhuka.

Halafu akamgeukia mpishi wa kantini, aliyekuwa akimimina chai. (Chai aliiagiza shangazi. Lishike hilo.)

"Dada, wiki hizo kulikuwa na nini?"

Mpishi wa watu, hana hila: "Si ndipo nilipofunga jiko likarabatiwe? Mzee alinilalamikia sana, amekosa keki zake sita za asubuhi."

Sita! Kila asubuhi! Kimya kile, hata mwalimu wa zamu hajawahi kukipata bwenini.

Mkuu akatia saini utafiti uendelee, jasho likimtiririka.

Shangazi akafungua daftari. "Dada, mletee mkuu ya saba. Safari hii naandika mimi."