Mpigaji Hayumo Pichani

Jumatatu, 3 Februari
Picha ya mshiriki: video iliyopigwa kwa simu na mtu aliye ndani ya tukio, si aliyetumwa kulitazama. Kasoro yake ni moja: mpigaji hayumo.

Nimeendelea kuzihifadhi video za maandamano. Kila sura naifunika kwa ukungu isitambulike, kisha naifuta video halisi. Ndivyo nilivyowaahidi walionikabidhi. Ile aliyoipiga Zuhura, mpwa wangu, nimeirudia bila sababu ya kikazi. Lami, viatu vya watu, pumzi yake. Alisikia anatafutwa, akaondoka mjini. Simu haipatikani. Nimemkumbuka mno.

Alhamisi, 6 Februari
Video ya muuza vitenge. Kona ya sokoni, umati unapita. Zuhura yumo. Anageuka, anacheka, simu juu. Sura nzima, wazi.

Sikuifunika. Nimezima kompyuta, nikatoka nje. Mvua. Milima haikuonekana.

Jumamosi, 8 Februari
Dada yangu, mama yake Zuhura, amefika kutoka Mkuyuni na kapu la ndizi. Nilimwonyesha. Aligusa kioo.

"Niwekee kwenye simu yangu, kaka."

Nikamweleza ahadi. Simu huibwa, huazimwa, hukaguliwa.

"Ahadi kwa watu baki! Na mwanangu je? Si wewe ndiye mjomba wake?"

Kwetu Waluguru neno hilo ni zito: mtoto ni wa ukoo wa mama, na mjomba ndiye wa kuulizwa. Nikaifunga kompyuta.

"Wewe ulizaliwa na rula mkononi."

Amelala hapa. Hatusemezani.

Jumapili, 9 Februari
Nimeifunika. Nimeifuta ile halisi. Nikimwacha wazi kwa kuwa nampenda, ahadi kwa wengine ilikuwa nini? Hoja ni sahihi. Inauma vilevile.

Jumatatu, 10 Februari
Dada aliomba kuiona kabla ya kurudi. Nilitarajia kilio. Alitabasamu.

"Huyu hapa. Bega la kushoto linatangulia. Anatembea kama marehemu mama."

Kweli. Nami nililiona. Hiyo nikamwekea kwenye simu. Akaondoka ameishika kifuani.

Mvua imekatika. Milima iko wazi hadi kileleni. Nimeitazama tena ile kona ya sokoni, mwendo ule, bega lile. Ikiwa mwenye hamu naye amemtambua bila sura, anayemsaka atashindwa kwa lipi?