Jina la Baba Limegeukia Ukutani

Mshauri wangu mpendwa, shikamoo. Naomba unisaidie kabla Jumatatu haijafika, maana Jumatatu ndiyo siku ambayo wakili amenipangia nikatie saini ya mwisho ili jina langu la ukoo libadilike kisheria niitwe kwa jina la mume wangu, na mimi tangu juzi nikishika kalamu hata risiti ya mteja siwezi kuiandika ikasomeka.

Mimi ni fundi wa miwani, nina duka langu dogo katikati ya mtaa, ukitokea kituo cha mafuta unanikuta mkono wa kushoto kabla hujafika shuleni, nina kiti kimoja cha mteja, kioo, meza ya kukatia lenzi na kibao juu ya mlango chenye jina langu kamili, na kibao hicho, mshauri, ndicho kinachonitoa machozi. Nimeolewa, nina mtoto mmoja wa kike anayeongea kuliko mimi na baba yake tukichanganywa, na mume wangu ni mtu mwema, sijaja hapa kumchongea.

Jina nililo nalo si la baba aliyenizaa. Huyo aliondoka mama akiwa mjamzito na hatujawahi kusikia hata chafya yake. Jina hili ni la baba wa kufikia, mchora vibao, mtaa mzima unamwita Mzee Brashi, alimwoa mama nikiwa bado nanyonya kidole, na nilipotakiwa kuandikishwa shule akavaa shati lake la kuendea kwenye shughuli za watu, akaenda kula kiapo mbele ya hakimu, akanipa jina lake, akarudi nyumbani akalichora kwenye sanduku langu la shule kwa rangi nyeupe yenye kivuli cha bluu, mpaka walimu wakawa wananiuliza sanduku lile nimelinunua duka gani. Mama alifariki nikiwa bado msichana wa shule, wajomba zangu wakaja wakakaa sebuleni wakamwambia mzee, wewe wema umeufanya wa kutosha, huyu si damu yako, tuachie tumchukue, na yeye ambaye kwa kutwa nzima haongei maneno ya kujaza kikombe akawajibu, "Huyu ana jina langu. Aende wapi?" Basi. Wajomba wakamaliza chai yao wakaondoka. Akanisomesha, akanipikia, akanisuka nywele vibaya hivyo hivyo mpaka jirani akaingilia kati kwa huruma, na hakuoa tena wala hakupata mtoto mwingine, kwa hiyo jina lake likitoka kwangu halina pa kwenda.

Sasa utaniuliza, mwanamke wewe, kwa nini unalibadilisha? Wakili mwenyewe aliniambia wazi kwamba hakuna anayenilazimisha, na mume wangu hajawahi hata kuligusia. Ni mimi. Mwaka jana mwanangu alilazwa kifua kimembana, nikatoka kidogo kwenda kumchukulia nguo, kurudi karani wa zamu ananiuliza mimi ni nani wake, mbona jina la mtoto hili na la kwako lile, na kule ndani namsikia anaita mama, mama, mpaka akatokea nesi anayenifahamu ndipo nikapita. Siku ile nilisema mimi na mwanangu tutaitwa jina moja, potelea mbali. Na nisiwe mnafiki, mshauri, jina la mume wangu nalipenda, nikilitamka pamoja na langu nasikia raha moyoni.

Nilipanga nimwambie baba mwenyewe, nimkalishe, taratibu. Kila Jumapili tukienda kumwona najikuta nameza maneno narudi nayo nyumbani. Lakini mume wangu ana tatizo moja, wema wake una mbio. Alipojua wakili ametupa siku, akidhani nimeshazungumza na mzee, akapanda ngazi, akafungua skrubu, akakishusha kibao akampelekea baba akichore jina jipya, eti iwe zawadi ya kunishtukiza. Nilipomuuliza kwa nini kwa baba, akanijibu, "Sasa ningekipeleka kwa mchoraji mwingine, si ndiyo ningemtukana mzee?" Na kweli, kwetu hakuna kibao wala mlango wala ndoo iliyowahi kuandikwa na mkono mwingine. Anasema mzee alifuta mikono, akampa kipande cha boksi, akamwambia, "Niandikie hilo jina hapa, nisije nikalikosea."

Juzi akakileta mwenyewe kwa baiskeli, kimefungwa ndani ya blanketi lake la kitandani. Nilikuwa na mteja kitini. Akakiegemeza ukutani, akavua miwani yake niliyomtengenezea mimi, akanipa nimkazie mguu wa fremu, eti umelegea, akanywa maji, akauliza mtoto hajambo, akasema, "Kazi hiyo," akapanda baiskeli yake akarudi alikotoka, upande wa kituo cha mafuta. Nilishindwa hata kusema asante, nikajifanya nasafisha lenzi ambayo ilikuwa safi.

Mshauri, kibao ni kizuri mpaka kinauma. Jina jipya limekaa utadhani limezaliwa pale. Lakini nilipokigeuza nikakuta ubao ni ule ule wa zamani! Jina langu na lake liko upande wa nyuma kama lilivyokuwa, halikukwanguliwa, halina hata mkwaruzo, limepigwa vanishi upya, na huyu ni mtu ambaye ubao uliokwisha kutumika haugusi mpaka aukwangue uwe mweupe. Maana yake nikikikaza ukutani jina lake litatazama ukuta maisha yake yote. Naona kama ananiambia, haya, tazama mahali ulipoliweka. Tena juu ametoboa matundu mawili akatia pete za chuma, wakati anajua fika kibao chetu kinakazwa kwa skrubu, na mume wangu anasema labda mzee amesahau, umri nao umeenda. Kwa sasa kiko stoo, nimekifunika shuka maana siwezi kukiangalia.

Nitie saini Jumatatu au niache? Nikisaini, nitakuwa nimemlipa nini mtu aliyesema aende wapi? Namshukuru mzee huyu kuliko ninavyoweza kusema, na naogopa siku moja ya ofisini itafuta shukrani zote hizo, abaki anajiona alilea mtoto wa watu.

Wako,
Fundi Miwani

MSHAURI ANAJIBU

Marahaba, Fundi Miwani. Barua yako nimeisoma ofisini nikalia mbele ya watu, kwa hiyo una deni langu la leso. Sasa na wewe futa machozi ukae vizuri, maana nina ya kukuambia na si yote yatakayokupendeza.

Umeniandikia mimi, mtu usiyeijua hata sura yangu, mambo ambayo ungemwambia mzee wako huku unamkazia mguu wa miwani. Alikuja mpaka dukani. Akakuwekea miwani mkononi. Hivi unadhani ule mguu ulikuwa umelegea kweli? Mtu asiyejua kuongea alikuwa anatafuta sababu ya kusimama karibu yako kidogo, na wewe ukajificha nyuma ya lenzi. Mume wako nikikutana naye nitamfinya sikio, kisha nitampa mkono wa asante, kwa sababu bila zile mbio zake ungeendelea kumeza maneno mpaka huyo mtoto wako naye aolewe.

Haya, tuje kwenye kibao. Kazi yako ni kuwasaidia watu waone, lakini hapa, binti yangu, umesoma vibaya.

Mimi si mchoraji. Ila niliwahi kupaka rangi mlango wangu mwenyewe, pande zote mbili, kwa ubahili wa kukwepa fundi. Upande wa kwanza ulitoka safi. Nikaugeuza nikaulaza mezani nipake wa pili, na nilipomaliza ule wa kwanza ulikuwa umechubuka kama goti la mtoto. Nilikaa chini nikajilaumu. Kwa hiyo ukiniambia jina la zamani halina hata mkwaruzo, mimi najua ubao ule ulilazwa juu ya kitu laini kazi nzima. Na wewe mwenyewe umeniambia kitu hicho ni nini. Alitoa blanketi lake la kitandani. Mtu mwenye hasira halazi jina la mtu juu ya blanketi lake. Angechukua chuma chake akwangue, kama unavyosema ndiyo kawaida yake. Na vanishi je? Nani anapiga vanishi mpya upande wa kuuficha ukutani?

Zile pete nazo, mwambie mume wako aache kumzeesha baba yako. Mzee hajasahau kitu. Pete ni za minyororo. Kibao hicho hakikutengenezwa kikazwe ukutani, kimetengenezwa kining'inie, kitokeze nje juu ya njia, kisomwe huku na huku. Mtu akija kutoka shuleni asome jina moja, akija kutoka kituo cha mafuta asome lingine. Jina la baba halikugeukia ukuta wowote. Aliyelifungia stoo na kulifunika shuka ni wewe.

Umenielewa? Habari ilimfikia kwa mkono wa mumeo, naye akakujibu kwa kazi anayoijua. Amekupa ruhusa uliyokuwa unaiogopa kuiomba, tena ameipaka vanishi.

Kuhusu lile neno, aende wapi, nadhani umelibeba vibaya miaka yote. Unaamini ulibaki kwenye nyumba ile kwa sababu ya jina, ndiyo maana leo unaogopa kulitoa. Hapana. Ulibaki kwa sababu yeye alitaka ubaki. Wajomba walitaka sababu, na mtu wa maneno machache akashika ile iliyokuwa karibu. Angekosa hiyo angesema nyingine, au angekaa tu kimya mlangoni asiwapishe. Na unaniuliza utamlipa nini? Mzee hakukuuzia kitu. Usimtie aibu kwa kutaka kumlipa. Mshukuru.

Saini, basi. Mtoto anayeita mama ndani ya wodi huku mama anazuiwa mlangoni ni sababu ya kutosha, na kwamba jina la mume wako unalipenda nayo ni sababu, wala usiione aibu. Muulize wakili kama jina la baba linaweza kubaki katikati, kabla ya hilo jipya. Mimi si mwanasheria, yeye ndiye atakayekuambia la uhakika. Nenda na hati ya ndoa, na kile kiapo cha zamani alichokula baba yako mtafute nakala yake, kwa kuwa kila meza utakayofika itataka kuona ulivyotoka jina moja kwenda lingine. Anza na kitambulisho, benki na leseni yako ya kazi zifuate. Ukianza na benki watakuzungusha mpaka viatu viishe soli.

Lakini kabla ya yote hayo kuna Jumapili. Utakwenda kwa mzee, na safari hii maneno hayarudi nyumbani. Mume na mtoto wakae ndani, wewe mfuate kule anakofanyia kazi, kwenye makopo yake ya rangi. Mwambie, "Baba, asante kwa jina. Asante kwa siku ile na wajomba." Usipambe, usihutubie, atakimbia. Akishika brashi kuiosha, na wewe shika nyingine. Kisha mwombe akusindikize Jumatatu. Kwenye kile kiapo cha kwanza alikwenda peke yake, wewe ukiwa mdogo huelewi kinachoendelea. Mara hii mwende wote, akae pembeni yako ukitia saini, amevaa shati lake la shughuli, na miwani uliyomtengenezea iwe imesafishwa aone vizuri unachoandika. Saini yako itasomeka, nakuhakikishia.

Mkitoka hapo, toa ile shuka. Mume wako, kwa kuwa ngazi anaipenda, apande, ila safari hii aulize kwanza. Mnunue minyororo imara na chuma cha kutokeza ukutani, na baba asimame chini aseme kama kimekaa sawa. Upande wa jina jipya muuelekeze shuleni, mwanao atakapoanza masomo awe analisoma akirudi kwako. Upande wa jina la zamani muuelekeze kituo cha mafuta, maana ndiko anakotokea baba yako na baiskeli yake.