Kuku wa Daktari: Kumkumbuka Mama Yetu, Siwema Othmani

Mwaka mmoja umetimia, Mama, tangu Mwenyezi Mungu alipokuita nasi tukakusindikiza hadi makaburini Utende. Nyumba imesimama vilevile. Kinachotulemea ni jiko lako, na baba yetu, Mzee Muhidini, ambaye tangu uondoke hugusa chakula kidogo na kukirudisha. Kuku ndiye hamgusi kabisa. Tukimpika, husema ameshiba.

Ulikuwa mkulima wa mwani. Ulirudi kutoka baharini kanga imelowa, mikono imechubuliwa na kamba, na bado ulimuuliza kila uliyepishana naye hali ya wagonjwa wake. Hukupenda mtu aondoke kwako bila kuonja kitu.

Wengi watakukumbuka kwa kuku wako. Sujin, binti wa Kikorea aliyekuja kufundisha ukaushaji wa mwani, alipanga chumba kwetu, akakuonyesha kupika kitoweo cha kwao: vipande vikubwa vya kuku, viazi, karoti, vitunguu saumu vingi, na rojo jekundu la pilipili lililotokota polepole mpaka likashika nyama. Alikitaja kwa lugha yake: dakdoritang. Wewe ulisikia daktari. Tangu hapo kikawa kuku wa daktari, na mtaa mzima ukaamini ni dawa.

Jirani yetu, Bi Biubwa, hakuchelewa kuja na bakuli.

"Siwema, mume wangu Zubery kifua kimembana. Cha daktari hakijabaki?"

"Kipo, shoga yangu. Ila daktari huyu hachomi sindano, anachoma ulimi."

Sujin alicheka mpaka akakaa chini. Alipokusihi uwaeleze watu ukweli, ulimjibu, "Mwanangu, mtu akinywa mchuzi akatoka jasho akalala, jina lina kosa gani?"

Binti huyo aliporudi kwao na kopo lake la pilipili likaisha, hukuacha. Ulisaga pilipili kavu na tende, ukaongeza unga wa mchele na chumvi, ukatia mtungini na kuuanika juani. Hukutuachia vipimo. Ulikuwa ukionja na kusema, "Bado haijakubali."

Wiki hii, tukijiandaa kwa hitima yako, binti yako Shufaa alijaribu kukipika. Alitia viazi pamoja na nyama, vikavurugika. Baba alikuwa barazani. Akaingia jikoni, jambo ambalo hakuwa amelifanya tangu uondoke.

"Huyu kuku wa kienyeji. Viazi hungoja nyama ilainike kwanza."

"Baba, umejuaje?"

"Vitunguu saumu vya chungu hicho nilikuwa namenya mimi. Mlidhani mama yenu alikuwa anazungumza na nani humu ndani?"

Hatukujua. Alikaa kwenye kigoda chako, akaomba kisu, akamenya. Shufaa alianza upya na kuku mwingine. Chakula kilipoiva Baba alionja, akatikisa kichwa.

"Si chake."

Tulidhani ataisukuma sahani. Aliitazama, machozi yakimtoka bila kuyafuta. Kisha akaivuta karibu, akala mpaka akabakiza mifupa tu.

Mama, siku ya mwisho uliyoweza kuzungumza ulituuliza, "Baba yenu kala?" Alikuwa hajala, nasi tukanyamaza. Leo tunakujibu: kala.

Unakumbukwa na mumeo, Mzee Muhidini. Wanao Shufaa, Kheri na Safia. Wajukuu zako wote. Dada yako Mize. Bi Biubwa na majirani wa Utende. Wenzako wa mashamba ya mwani. Na Sujin, aliyetuma salamu kutoka kwao. Mwenyezi Mungu akurehemu na akulaze pema. Hatujakusahau, Mama, wala hatutakusahau.