Mnara, Sijaiona

Jumatatu, 3 Machi
Leo tumezunguka uwanja wa ndege angani na Mwalimu mpaka kizunguzungu. Kupaa, kushoto, kushoto, kushuka, kugusa lami, kupaa tena. Mikono imeanza kunitii. Mdomo bado! Mnara wa kuongozea ndege wameniambia redioni nisubiri ndege ya mbele itue kwanza, nikajibu "sawa." Mwalimu nusura aitafune kofia yake. Sawa ya nini? Rudia walichosema, wajue umesikia nini!
Jioni nimefanya mazoezi mbele ya kioo cha bafuni. Mume wangu nje ya mlango: "Rubani, una ruhusa ya kuondoka bafuni. Kuna foleni huku." Nikamrudishia neno kwa neno. Tumecheka mpaka mbavu zikauma.

Jumatano, 5 Machi
Upepo. Haturuki. Nimenuna kutwa.

Ijumaa, 7 Machi
PEKE YANGU! Mwalimu ameshuka, akafunga mlango, akapiga bodi kofi kama anayefukuza mbuzi. Kiti chake kitupu!
Mzunguko wa kwanza — safi. Wa pili, naruka sambamba na njia ya kutua, iko kushoto kwangu. Dada mmoja wa mnarani redioni: ndege kubwa imeshakupita, kata kona, utatua nyuma yake. Naangalia kushoto. Hakuna kitu. Imepita saa ngapi? Kama bado, nikikata kona naingia mbele yake.
Roho ilikuwa mkononi, lakini ulimi ulikuwa wangu. "Mnara, sijaiona. Naendelea moja kwa moja."
Halafu ikachomoza kwenye ukungu — nyeupe, pana kama mtaa — ikishuka pale pale ambapo ningekuwa mimi. Sauti ya dada imepauka: endelea moja kwa moja, nitakuita. Akaniita. Nikarudia kila neno, nikakata kona, nikatua laini kama ninayeweka yai mezani.
Mwalimu na kitambi chake amekuja mbio! Kanishika mabega. Kisha: "Rubani." Basi.
Nimempigia Mama. Umeshuka salama? Salama. "Basi usipande tena." Halafu nikamsikia akiwapigia majirani kelele: mwanangu amerusha ndege!

Jumamosi, 8 Machi
Nimeitwa mnarani. Naandika hapa kwenye benchi la korido. Mkuu wa mnara anataka maelezo ya jana, na Mwalimu kaniambia nisipunguze wala nisiongeze. Siogopi. Ajabu!
Mlango umefunguka. Katoka msichana mwembamba mwenye miwani, leso kaifinyanga ngumini. Nilimtambua alipofungua mdomo tu. "Dada, ni wewe uliyerusha ndege jana?" Ni mimi. Anasema alichanganya ndege mbili, ni mara yake ya kwanza, usingizi haukuja. Ananiuliza: utawaambia nini huko ndani?
Nimesogea, amekaa. Mkuu anatuita, wote wawili, na bado sijamjibu dada huyu —