Mwandiko Wangu Mwenyewe

Bandari ya Helsinki, Machi 1917

Dada Glafira,

Mimi mzima, ila nimechoka. Soksi zimefika. Barafu bado imeishika manowari yetu. Karibu miaka mitatu ya vita, na mizinga yetu mikubwa haijampiga Mjerumani hata mmoja. Kazi yetu kupakia makaa tu na kunywa supu ya kabichi.

Mfalme wetu wa Urusi kaachia kiti, umesikia. Sasa mabaharia tunaamua mambo kwa kunyoosha mikono. Juzi tuliwaamuru maofisa wavue vyeo vya mabegani. Luteni Kablukov akakataa.

"Nivueni nyie," akasema. "Mimi nimezoea kuvaa."

Prokhor, mchochea makaa mwenzangu, akauliza nani anataka luteni apigwe risasi. Mikono ikapanda. Akanigeukia.

"Na wewe Yefim, una jipu kwapani?"

Nikanyoosha. Wakamshusha kwenye barafu.

Utaona mwandiko huu ni mbaya. Ni wangu. Barua zote za nyuma aliniandikia huyo luteni, kila Jumapili, na herufi hizi kanifundisha yeye. Wewe huwa unamalizia barua zako kwa kumsalimia.

Usimsalimie tena.

Mdogo wako,
Yefim