Nilivyofuta Batani za Mzee

Jumapili, 27 Agosti 2006. Kitale.

Mvua imenyesha tangu tutoke kanisani, na matope ya Matisi, mtaani kwetu, nimekuja nayo mpaka hapa mjini. Niko saiba, haya maduka ya intaneti, kiti cha pembeni kando ya ukuta, koti limelowa na vidole vimekufa ganzi. Baridi ya mwezi huu haina adabu. Nimekuja kuandika jambo ambalo nililificha kwa zaidi ya wiki tatu, na ambalo hata baada ya kulisema bado halijaniacha.

Wanaosoma hapa ni watu wanne au watano, na hakuna anayenijua kwa sura. Barasa, mume wangu, hajui kama blogu hii ipo. Kwa hivyo nitasema bila kupamba. Baba mkwe wangu alikuwa anapona, mimi nikamrudisha nyuma.

Mzee aliendesha lori miaka thelathini na moja. Alimbebea tajiri mmoja Mhindi wa Bungoma mahindi, mbolea, mabati, chochote kilichopakika. Mwaka jana kiharusi kilimwangusha sokoni Kamukuywa akiwa anachagua ndizi, na upande wake wa kulia ukazimika wote. Mguu ulirudi polepole, lakini mkono ulikataa. Mwezi wa pili mwaka huu akaja kukaa nasi Matisi ili awe karibu na hospitali, kwa mazoezi ya viungo mara mbili kwa wiki. Mama mkwe akabaki nyumbani Kamukuywa na ng'ombe.

Dada wa mazoezi alituambia vidole vinataka kazi ya kila siku, tena kazi ambayo mgonjwa mwenyewe anaipenda, si kufinya mpira tu. Barasa akaliwaza hilo siku mbili, kisha akaingiza mchezo wa kuendesha malori kwenye kompyuta yetu. Kompyuta yenyewe ni kuukuu, ilitoka shule fulani iliyokuwa inauza mashine zake za zamani, na ndiyo mimi huchapia mitihani ya darasa langu la tano.

"Lori gani hii haina harufu ya dizeli?" Mzee aliuliza siku ya kwanza. Halafu akakaa hapo saa mbili.

Mchezo wa namna hiyo huja na mpangilio wake wa kiwandani: batani hii ni ya kwenda mbele, ile ni breki, ile ni taa. Umepangiwa watu wenye mikono miwili mizima. Barasa aliubadilisha wote. Kila kidole cha mkono wa kulia kilichoamka, alikipa kazi. Gumba ndilo lililotangulia, likapewa breki kwenye ile batani ndefu ya chini. Kidole cha shahada kikapewa gia. Kufikia mwezi wa sita cha kati kilikuwa kinawasha taa. Kile kidogo cha mwisho kilikaa majuma mengi kimelala, na siku kilipotikisika Barasa alikipa honi. Jioni hiyo Mzee alipiga honi mpaka majirani wakaja kuchungulia. Mimi nilikuwa jikoni nalia, na nikavisingizia vitunguu.

Tena mwendo ulikuwa umepunguzwa, herufi zimekuzwa, usukani umelegezwa. Kila badiliko lilikuwa na siku yake. Mzee hakuwahi kugusa upande huo wa mipangilio, maana umeandikwa Kiingereza na yeye Kiingereza chake ni cha vituo vya polisi wa barabarani. Yeye alijua vidole vyake vinakwenda wapi, basi.

Sasa nije kwangu.

Kwetu Wabukusu, mke wa mtoto na baba mkwe hawazoeani. Simpi mkono. Namwekea chakula mezani naondoka. Kikiwepo cha kumwambia, namwambia Barasa au Mama mkwe, naye anampelekea, hata kama tuko chumba kimoja na anasikia. Na kile kiti kilicho mbele ya kompyuta, tangu siku alipokikalia, kilikoma kuwa kiti cha nyumba. Nikitaka kuchapa mtihani nilikuwa navuta kigoda cha jikoni na kukaa upande. Hakuna aliyeniamuru. Ni malezi.

Lakini kila alasiri nilisikia ile injini ikipanda mlima, na nilitamani. Aibu yenyewe ndiyo hiyo. Mwanamke mzima, mwalimu, nilitamani kuendesha lori.

Jumatano moja, mwanzoni mwa mwezi huu, Barasa alikuwa Cheptais kwa wiki nzima, kazi yake ni kuwafundisha wakulima habari za mbegu. Jirani yetu mwenye gari alimpeleka Mzee hospitali asubuhi. Shule zilikuwa zimefungwa na nyumba ilikuwa tupu. Nikafunga mlango kwa komeo, nikakaa kwenye kiti chake, nikawasha.

Lori halikunisikia. Nilibonyeza hapa likapiga honi, nikabonyeza pale likarudi nyuma, mwisho likatumbukia mtaroni. Nikaingia kwenye mipangilio kutafuta jinsi ya kulitoa. Nikabadilisha vitu viwili vitatu, mambo yakaharibika zaidi, na sikukumbuka vilikuwaje mwanzoni. Hapo hofu ikanishika. Mzee angerudi saa nane, angekuta mambo yamevurugika, angejua kuna mtu alikaa pale, na mtu wa kukaa pale alikuwa mmoja tu.

Chini kabisa kulikuwa na batani ya kurudisha mpangilio wa kiwandani. Nilidhani itafuta yale niliyoyafanya asubuhi hiyo. Mashine ikaniuliza kama nina uhakika. Nikajibu ndiyo haraka haraka, mimi ambaye kila siku nawafokea watoto wasome swali mara mbili.

Ikafuta miezi yote mitano.

Hata hivyo sikujua papo hapo. Niliona lori limekaa barabarani vizuri, nikashukuru Mungu, nikazima, nikafuta kiti kwa kitambaa. Niliujua ukweli saa nane na nusu, nikiwa jikoni nakata mboga ya sukuma. Nilisikia kiti kikivutwa. Nikasikia mashine ikiamka. Halafu injini haikuja.

Nilichungulia kwenye pazia. Mzee hakuwa anaangalia skrini. Alikuwa anauangalia mkono wake. Aliliinua gumba, akalishusha kwenye batani ndefu, akasubiri. Akaliinua tena. Gumba lilikuwa linatii vizuri kabisa, ni lori ndilo lililokataa. Lakini mtu aliyeendesha lori miaka thelathini na moja, lori lisipotii, hujiuliza kwanza dereva amekosea wapi.

Alijaribu karibu saa nzima, nami nikarudi kwenye sukuma yangu.

Alhamisi akajaribu tena, muda mfupi zaidi. Ijumaa hakukaribia mashine. Nilimsikia akimpigia Mama simu kutoka chumbani, kwa sauti ya chini ambayo sijawahi kuisikia kwake.

"Hii kichwa imeisha," alisema. "Juzi nilikuwa najua, leo sijui. Ile kitu imerudi. Kuja unichukue, nikae na ng'ombe zangu."

Nilikuwa hatua tano kutoka mlango wake. Hatua tano, na maneno kumi yangetosha.

Mnaweza kusema ni mila ilinizuia, na mimi mwenyewe nilijiambia hivyo siku nyingi. Lakini Barasa si baba mkwe wangu. Barasa ningeweza kumwambia kitandani, mezani, popote. Sikumwambia kwa sababu niliona haya. Niliogopa kuitwa mwanamke asiye na heshima, anayekalia kiti cha mzee mlango ukifungwa. Basi nikaiacha heshima yangu isimame na mzee wa watu akaamini akili zake zimekwisha.

Barasa alirudi Jumamosi akakuta baba yake amefunga mzigo. Alipomuuliza, Mzee alisema tu, "Nimechoka na hiyo mchezo, bana. Mimi si mtoto." Mengine Barasa aliyapata kwa Mama. Daktari alikuwa ametuonya kwamba kiharusi kinaweza kurudi kidogo kidogo, kwa hivyo hakuishuku mashine hata kidogo. Alimwangalia baba yake akaona ugonjwa.

Kuna jambo hapa ni gumu kuliandika. Mzee alipokwisha kuondoka, Barasa alisema, "Wacha nione alifikia wapi," akaenda kwenye kompyuta. Mimi nilikuwa nimeshaiwasha na kufungua maswali ya hesabu. Nilifungua makusudi, nikijua atakuja.

"Si uwache kwanza," nikamwambia. "Niko na kazi ya shule hapo, sijasevu. Utanipotezea."

Akaacha, wala hakurudi tena kuitazama. Alinigusa bega, akasema pole na kazi.

Wiki tatu zikapita hivyo. Hospitali Mzee hakwenda tena. Barasa akipiga simu nyumbani anaambiwa Mzee yuko sawa, anakula. Nilikuwa napika, nasuka nywele, naimba kwaya.

Jana tulikwenda Kamukuywa. Mzee alikuwa amekaa sebuleni, blanketi magotini, na Mama anamlisha uji kwa kijiko. Huku kwetu Matisi alikuwa anashika kikombe mwenyewe. Mkono wa kulia ulikuwa juu ya paja, umejikunja ngumi. Nilisalimia kutoka mlangoni, nikaenda jikoni kuwasha moto.

Kutoka jikoni nilimsikia akimwambia Barasa achukue kitu chini ya mto wa kiti. Ilikuwa leseni yake, kile kitabu chekundu, kimefungwa kwenye karatasi ya nailoni.

"Weka hii," alisema. "Polisi hawatanisimamisha tena."

Nilisikia Barasa anapenga kamasi.

Nilitoka jikoni na unga mikononi. Nilisimama mlangoni pa sebule, nikampa Mzee bega kama inavyotakiwa, nikamtazama mama mkwe.

"Mama, mwambie Baba si kichwa yake," nikasema. "Ni mimi. Nilikaa pale nikacheza ile lori, nikaharibu, nikafuta vile Barasa alikuwa amepanga. Vidole zake zilikuwa sawa. Ni mashine ilikuwa imebadilika."

"Ati nini?" Mama akasema, kijiko hewani.

"Lini?" Barasa akauliza.

"Ile Jumatano ulikuwa Cheptais."

"Na ukaniambia ati uko na kazi ya shule."

Mzee akamwambia Mama, "Mwambie arudie." Nikarudia yote, polepole, na mara hii nilisema pia habari ya kiti.

"Kwa hivyo gumba ilikuwa inaingia?" Alimuuliza Mama, kama mtu anayeuliza habari za gari lililoachwa gereji.

"Ilikuwa inaingia, Baba. Nilikuona."

Hilo la kwamba nilimwona sikukusudia kulisema. Lilitoka tu. Mama aliweka bakuli chini, akanitazama mpaka nikainamisha kichwa.

Mzee akalitoa blanketi. Akauweka mkono wa kulia juu ya meza, mbele yetu sote, akaanza kuufungua. Dada wa mazoezi alikuwa ametuonya tangu mwanzo: mkono usiofanyiwa kazi hujifunga, na ukijifunga haujali ulifika wapi. Tulimtazama akijaribu mpaka jasho likamtoka kwenye paji la uso. Mimi niliona kidole cha shahada kikitikisika kidogo. Barasa anasema hakikutikisika.

Mzee amekubali kurudi hospitali. Barasa atamfuata Jumanne. Leo asubuhi, kabla ya kanisa, nimewasha mashine nikajaribu kurudisha mpangilio, nikagundua sijui hata nusu yake. Nilikuwa naisikia tu kutoka jikoni. Nikamuuliza Barasa gia ilikuwa batani gani. Alisema, "Iache." Tangu jana ameniambia maneno matatu, na mawili yalikuwa kuhusu chumvi. Sina kinyongo naye. Ningekuwa yeye ningepiga kelele.

Nilidhani nikishakiri nitahisi nimetua mzigo. Watu husema hivyo, na mimi huwaambia watoto darasani hivyo hivyo: sema ukweli utajisikia vizuri. Nimejisikia vibaya zaidi. Kabla ya jana nilikuwa na siri. Leo nina mkono wa mtu uliokunjwa, na najua wiki ulizokunjika ni zangu.

Lakini kuna kitu nimekiruka, na ndicho kilichonileta saiba na mvua hii.

Tulipokuwa tunaondoka jana, nilisimama kando ya mlango nikingoja Barasa aage. Mzee akaniita. Hakupitia kwa Mama. Katika miaka yote ya ndoa yangu hajawahi kuniambia neno moja kwa moja.

"Kama singetoa hiyo leseni leo," aliuliza, "ungesema?"

Hakuwa na hasira. Alikuwa anataka kujua tu.

"Ndiyo, Baba," nikamjibu.

Akatikisa kichwa kuonyesha amesikia, akasema tusafiri salama. Aliniamini. Njia nzima mpaka Kitale nimekaa na lile jibu, na usiku, na kanisani leo nyimbo zikiimbwa. Nimejaribu kujiona, pasipo ile leseni, nikisema Jumapili hii, au ijayo, au mwezi wa kumi. Najiona tu nikikata sukuma.

Hilo sijamwambia mtu.