Jina Lililozoea Kungoja: Kumbukumbu ya Hilary Garside, Mwenye Bucha wa Harrowclough

Mwaka umezunguka, Hilary, tangu asubuhi ile ya Oktoba ulipoinama mlangoni kufunga kamba za viatu na hukuinuka tena. Chai yako ilikuwa mezani. Niliiacha pale mpaka jioni, sijui kwa nini.

Mimi mkeo Brenda ndiye ninayeandika kwa niaba ya wote. Judith, binti yetu, alitaka tuweke picha yako na mistari mitatu gazetini kama wafanyavyo watu wengine. Nikamwambia mistari mitatu haimtoshi mtu aliyekuwa na tumbo kama lile. Najua ungekuwepo ungecheka wewe wa kwanza.

Nilidhani kitanda ndicho kitakachonishinda, au kiti chako kando ya moto. La, kilichonishinda ni jina. Miaka yote ya ndoa yetu nimesimama mlango wa nyuma na kuita, "Hilary! Chai!" na sauti yako ikanijibu kutoka kwenye matuta ya vitunguu, "Nakuja, mpenzi," ingawa hukuja mpaka chai ipoe. Wiki moja baada ya mazishi nilifungua mlango ule nikaita tena, kwa mazoea tu. Mvua ilikuwa ikinyesha na hakuna aliyeitika. Nikafunga mlango, nikaapa kwamba jina hilo sitalitamka tena kwa sauti humu ndani.

Na ulilipenda jina lako, bwana wewe! Hadithi yake uliisimulia kila siku yako ya kuzaliwa, hata Craig, mkwe wetu, akawa anaisimulia pamoja nawe huku akitafuna keki. Mama yako, Edith, alimzika mtoto mchanga mwaka mmoja kabla ya kukupata wewe. Mtoto yule alikuwa amengojwa kwa masharti. Babu alikwisha kumpa jina lake, na baba yako alikwisha kumpa nafasi nyuma ya kaunta ya bucha. Mama yako aliposhika mimba tena, wakaanza upya: huyu anataka wa kiume wa kushika kisu, yule anataka wa kike wa kumtunza uzeeni. Edith akavaa koti, akapanda kilima mpaka kwa kasisi.

"Nipe jina lisilochagua," akamwambia.

Kasisi akatazama kalenda yake ya watakatifu, akamwambia kwamba Januari ina sikukuu ya Mtakatifu Hilary, siku ambayo watu wa kwetu wameisema tangu zamani kuwa ndiyo ya baridi kuliko zote. Akamwambia pia kwamba jina lenyewe latokana na neno la kale lenye maana ya mtu mchangamfu, na kwamba wanaume wamelibeba na wanawake wamelibeba.

"Basi hilo," akasema Edith. "Atakayekuja atalikuta linamngoja."

Ulipozaliwa, theluji ilikuwa imefunika barabara yote. Jirani wa ng'ambo akafungua dirisha akapaza sauti, "Edith! Wa kike au wa kiume?" Mama yako akakuinua kwenye kioo ukiwa umefungwa blanketi kama soseji, akajibu, "Mzima!" Kisha akashusha pazia.

Nimelifikiria sana jibu hilo mwaka huu. Majina mengi humkuta mtoto na kazi aliyokwisha kupangiwa. Lako halikukutaka uwe chochote kwanza. Lilikutaka uje tu, na ukija, uwe mchangamfu. Nalo hilo ulilitimiza, hata siku ambazo mimi nilitaka kukupiga na mwiko kwa uchangamfu wako.

Haikuwa rahisi. Ulipoanza shule, wavulana wenye jina hilo walikuwa wameadimika na wasichana wenye jina hilo walikuwa wengi. Dada yako Winifred hunisimulia jinsi watoto wa shuleni walivyokuzunguka uwanjani.

"Hilary, leo umesahau sketi?"

"Dada yangu ameiazima," ukajibu. "Akimaliza nitawaletea na nyie mjaribu."

Wakacheka, na mtoto akishacheka nawe hana tena nguvu ya kukupiga. Ulikuwa mdogo wa kimo wakati ule. Baadaye ulipokuwa na mikono ya kubeba nusu ya ng'ombe begani, hakuna aliyekutania ila wewe mwenyewe. Namkumbuka yule mchuuzi wa mashine za kusagia nyama, kijana mwenye tai mpya, aliyeingia buchani akatazama huku na huku juu ya kichwa chako.

"Nina miadi na Bibi Hilary Garside."

"Ndiye mimi, mpenzi," ukamwambia huku ukifuta kisu kwenye aproni. "Leo nimesahau tu kunyoa ndevu."

Yule kijana aligeuka mwekundu kuliko maini yaliyokuwa kwenye kaunta. Ukampa pai ya nyama ya nguruwe, ikiwa bado moto, na mashine yake ukainunua.

Siwezi kuacha habari ya maonyesho ya kijiji. Kila Agosti, ndani ya ukumbi, keki za sponji na karoti na jemu hupangwa mezani, na watu waliosalimiana vizuri mwaka mzima huacha kusalimiana. Siku hizo jemu ilikuwa ya wanawake, na wanaume walikuwa na shindano lao la keki, ambalo lilikuwa kichekesho. Wewe ulipeleka jemu yako ya plamu kwa kuwa ulijua ni nzuri, ukasema wakiikataa tutaila wenyewe. Bwana Pickles, katibu mpya aliyetoka bonde la pili, akaona jina, akaliweka kwa wanawake bila kuuliza. Majaji walionja, wakaonja tena, wakatoa kombe kwa Hilary Garside.

Ukainuka wewe, ukalipokea. Doreen Ackroyd, jirani yetu, aliyekuwa amelichukua kombe lile mfululizo tangu Judith wetu akiwa mdogo, alikuwa amekwisha kusimama nusu kwenda kulipokea. Ukamwendea, ukamnyoshea kombe.

"Chukua, Doreen. Ni makosa ya karatasi tu."

"Hebu nikuulize," akasema Doreen, na sote tulimsikia. "Iliyonishinda ni jemu yako au suruali yako?"

"Jemu, natumaini."

"Basi kaa nalo. Mwakani nakuja kukuvua."

"Suruali?"

"Kombe, mshenzi wewe!"

Ukumbi mzima ulianguka kwa kicheko, na hata Bwana Pickles alipata rangi yake tena. Tangu mwaka uliofuata jemu ni jemu, ya nani hakuna anayeuliza. Doreen alilirudisha kombe kwake, ukalichukua tena, naye akalirudisha. Mwaka huu ni lake. Alilipokea akasema halina utamu bila wewe wa kununa.

Sasa nije kwenye lile ambalo wote wanaosoma hapa Harrowclough wanajua nalijia.

Judith wetu alimpoteza mtoto wake wa kwanza. Chumba kilikuwa kimepakwa rangi, jina limetariziwa kwenye blanketi, naye akazaliwa bila pumzi. Kwetu, kigari cha mtoto hakiingii nyumbani kabla ya mtoto mwenyewe. Watu hukiacha dukani mpaka siku ifike. Judith aliicheka desturi hiyo, akakiweka ukumbini kwake, na kwa wiki nzima baadaye alilazimika kukipita kikiwa kitupu kila alipokwenda jikoni. Hakuna aliyemlaumu, lakini yeye alijilaumu.

Aliposhika mimba ya pili, alikuja kula kwetu Jumapili, akaweka uma mezani.

"Mtu asinitajie jina. Sitaki kusikia hata moja."

"Hatujasema kitu, mwanangu," ukamwambia.

"Mama amefungua mdomo."

Nilikuwa nimefungua mdomo nile kiazi, lakini nikaufunga.

Ukanunua kigari mwenyewe. Duka la kukihifadhi halikuwepo tena, basi ukakiweka kwenye kibanda chako cha bustanini. "Kibanda si nyumba," ulisema, na nikaona sheria imetimizwa. Ila Jumapili iliyofuata Judith alikwenda kukuita, akakiona kupitia mlango uliokuwa wazi. Nilikuwa dirishani. Alisimama pale ameshika tumbo, uso wake umekwisha damu, na nikajua tumeharibu. Aliondoka bila kula.

Hukuniambia ungefanya nini. Jumapili nyingine ulimshika mkono ukampeleka kibandani, nami nikafuata nikiwa na hasira ya kukuzuia. Kigari kilikuwa kimejaa vitunguu mpaka juu, vya mavuno yako yote, vimepangwa vizuri juu ya gazeti.

"Baba, umefanya nini?"

"Vitunguu lazima vikauke."

"Ndani ya kigari cha mtoto?"

"Kigari kitupu ndicho kinachokutisha, mwanangu. Hiki si kitupu. Nani umewahi kumwona akililia kigari cha vitunguu?"

Judith akakutazama. "Baba," akasema, "kila mtu hulia kwa vitunguu."

Ndipo alipocheka. Alicheka akashikilia mlango, akakaa juu ya ndoo yako, akacheka mpaka Craig akaja mbio akidhani uchungu umeanza. Miezi mingi nilikuwa sijakisikia kicheko kile. Hilary, mimi nimesikia mahubiri mengi ya faraja maishani mwangu, na hakuna hata moja lililofanya kazi kama vitunguu vile. Nilikupenda siku ile kama nilivyokupenda ulipokuja kunichumbia na mfuko wa soseji badala ya maua.

Hukuwahi kuomba jina lako lirithiwe. Doreen alipokuchokoza kutoka upande wa pili wa ua, ulimjibu, "Mwache mtoto aje kwanza. Jina hili halina haraka, limezoea kungoja."

Kisha ikaja Oktoba.

Tulimzika mtu mchangamfu kuliko wote niliowajua, na Judith alisimama kaburini na tumbo lake kubwa, nami niliogopa. Naliandika wazi sasa kwa kuwa limepita. Niliogopa kwamba huzuni itamchukua na mtoto huyu pia, na kwamba wewe hutakuwepo kumtoa binti yetu chini. Kibanda nilikifunga. Sikutaka kuona koti lako msumarini wala vile vitunguu.

Mwishoni mwa Januari simu ililia asubuhi, wakati theluji ilikuwa imeziba njia. Alikuwa Craig. Alisema, "Brenda," akasema tena, "Brenda," kisha akaanza kulia. Nikashika ukuta. Nikasikia simu inanyang'anywa.

"Mama."

"Judith? Mwanangu, kuna nini? Niambie."

"Mzima, Mama."

Niliketi kwenye ngazi nikiwa na nguo ya kulalia. Sikuuliza jambo lingine lolote. Yeye ndiye aliyeendelea, sauti yake imekwisha kwa uchovu lakini kuna kicheko ndani yake. "Mama, haya sasa. Nenda katoe vitunguu vya Baba."

Nikachukua koleo, nikajitengenezea njia mpaka kibandani. Koti lako lilikuwepo. Vitunguu vingine vilikuwa vimeota majani mabichi humo gizani. Nilivitoa kimoja kimoja, nikafuta kigari kwa maji ya moto na sabuni, na harufu ikagoma kabisa kutoka. Doreen alinisikia, akavuka ua akiwa na ndara kwenye theluji, mwanamke wa umri ule.

"Brenda! Wa kike au wa kiume?"

"Mzima," nikamwambia.

Doreen aliijua hadithi ya mama yako, nani hapa asiyeijua? Akaokota kitunguu kimoja.

"Vitunguu hivi," akasema, akijifuta macho kwa mkono wa sweta. "Vikali kweli, vitunguu vya mume wako."

Walipomleta mtoto, Judith alimlaza kwenye kigari karibu na moto, ndani ya nyumba, kama inavyostahili. Akaninyoshea mkono.

"Mwite, Mama."

"Nimwiteje?"

"Unajua."

Nilijua. Na nilikuwa nimeapa. Nikatazama mlango wa nyuma, nikatazama ule uso mdogo uliokunjamana, nikalitamka jina lako kwa sauti kwa mara ya kwanza tangu mvua ile. Mtoto akapiga chafya kwa harufu ya vitunguu. Sote wanne tuliokuwa hapo, nikiwahesabu na Doreen ambaye hakualikwa, tukacheka mpaka tukalia.

Nimeambiwa na watu wa gazeti kwamba tangazo lingependeza kama lingesema mjukuu ni wa kike au wa kiume. Waje wanywe chai, watamwona. Amenenepa, anauma kila kitu, na hucheka hata akianguka.

Juzi nilikuwa mlango wa nyuma na Judith amemshika kule kwenye matuta yako, wanang'oa vitunguu vya mwaka huu. Nikaita, "Hilary! Chai!" Na nikajibiwa, mpenzi wangu. Ilikuwa kelele tu, haina neno hata moja ndani yake, lakini ilitoka kwenye vitunguu.

Tunaokukumbuka ni mimi mkeo Brenda. Mwanao Judith na mumewe Craig. Dada yako Winifred, ambaye anasema sketi uliyomwazima hajairudisha mpaka leo. Doreen Ackroyd, ambaye si ndugu lakini amekataa kuachwa nje. Na mjukuu wako Hilary, ambaye hakuwahi kukuona, ila akisikia jina lako hugeuza kichwa.

Kukusahau hatuwezi tena hata tukijaribu. Humu ndani tunakuita kutwa nzima.